Mtayarishaji wa Filamu wa Ulaya si Mfuko wa Fedha

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua za wasomaji niseme neno juu ya habari ambayo kurasa za burudani huirudia kila msimu wa tamasha la filamu la Zanzibar: kijana fulani "amepata mzungu" wa kutengeneza naye filamu. Habari huishia hapo, kana kwamba kazi imekwisha. Huyo mzungu ni nani, fedha anazitoa wapi, na akianguka filamu inabaki mikononi mwa nani, hayo msomaji haambiwi. Barua ni ndefu kidogo. Ukiona vema ikate, ila tarakimu uziache.

Mtayarishaji wa kujitegemea wa Ulaya kwa kawaida hana fedha. Ana ofisi ya kupanga, wafanyakazi watatu au wanne, kabati la mikataba na namba za simu za watu wanaotoa fedha za wengine: kituo cha televisheni, mfuko wa serikali, mfuko wa mkoa, msambazaji, wakala wa mauzo, benki. Kazi yake ni kuzifanya saini hizo zote zipatikane kabla ya siku moja maalumu, yaani siku ya kwanza ya kupiga picha. Anayetaka kuelewa maisha hayo na amtazame Mfaransa Humbert Balsan.

Balsan alizaliwa mwaka 1954 katika familia ya wenye viwanda, akaingia kwenye sinema kwa kusimama mbele ya kamera. Robert Bresson, ambaye alikuwa na desturi ya kuchukua watu wasio waigizaji, alimpa nafasi ya Gauvain katika filamu yake ya 1974 kuhusu Lancelot, shujaa wa hadithi za kale za Ulaya. Baadaye akahamia upande wa utayarishaji, na kampuni yake iliyojulikana zaidi ikawa Ognon Pictures ya Paris. Ametayarisha makumi ya filamu, na nyingi ni za aina ambayo mwenye benki akisoma muhtasari wake anaomba kikombe cha pili cha kahawa ili apate muda wa kutafuta maneno ya kukataa.

Kwa Mmisri Youssef Chahine alishiriki tangu filamu ya 1985 kuhusu uvamizi wa Napoleon nchini Misri hadi ile ya 2004, karibu miaka 20. Katikati yake kuna filamu ya 1994 iliyoegemea kisa cha Yusuf. Ilikuwa tayari inaonyeshwa Misri iliposhtakiwa na kuzuiwa, kwa hoja kwamba nabii haonyeshwi kwenye sinema. Kwa mtayarishaji, amri ya namna hiyo ina maana ya soko lililohesabiwa kwenye mpango wa mapato kufungwa ghafla, wakati deni lililokopwa kwa kulitegemea soko hilo linaendelea kuzaa riba. Miaka mitatu baadaye walikuja na filamu juu ya mwanafalsafa Ibn Rushd, na tamasha la Cannes likampa Chahine tuzo ya maadhimisho ya miaka 50 ya tamasha hilo. Mwaka 2002 filamu ya Mpalestina Elia Suleiman, ambayo Balsan aliitayarisha, ilipata Tuzo ya Jopo la Majaji hapo hapo Cannes.

Mwaka 2004 ndio unaoonyesha mwendo wake. Cannes alikuwa na filamu ya Chahine na ya Yousry Nasrallah kuhusu Wapalestina, yenye sehemu mbili na urefu wa zaidi ya saa nne na nusu. Filamu ndefu kiasi hicho haiwezi kuonyeshwa mara nne au tano kwa siku katika ukumbi mmoja, hivyo hata ukumbi ukijaa, tiketi ni chache. Kwenye tamasha la Venice alikuwa na filamu ya Claire Denis iliyopigwa picha hadi Tahiti. Hapo hapo Venice kulikuwa na filamu ya kwanza ndefu ya Ismaël Ferroukhi, juu ya baba na mwanawe wanaotoka kusini mwa Ufaransa kwa gari kwenda Hija. Ikatoka na tuzo ya filamu ya kwanza.

Hii ya Hija inafaa kutazamwa kwa karibu, maana wasomaji wako wengi watajua ugumu wake. Kila mpaka una forodha, na kila forodha inataka orodha ya vifaa pamoja na namba zake, tena iwe ile ile wakati wa kuingia na wa kutoka. Lenzi moja ikikosekana, msafara mzima unasimama. Ukifika Makka, wasio Waislamu hawaingii, kwa hiyo mpiga picha na fundi sauti waliozoea kazi huenda wakabaki nje, na timu ikaundwa upya. Isitoshe, Hija ina siku zake. Mwongozaji hawezi kuwaambia mahujaji warudi nyuma warudie, na akikosa picha leo, nafasi nyingine ni mwakani. Bima ya kawaida ya filamu hulipa siku iliyopotea kwa ugonjwa wa mwigizaji mkuu au kuharibika kwa kamera, hailipi mwaka mzima wa kusubiri.

Sasa tuje kwenye hesabu, na mfano huu ni wa kubuni ingawa uwiano wake ni wa kawaida. Filamu ina gharama tupu za euro 1,950,000. Juu yake huongezwa asilimia 5 ya ujira wa mtayarishaji na asilimia 7 ya gharama za ofisi yake, jumla euro 234,000. Kisha asilimia 10 ya dharura, euro 195,000. Tunapata 2,379,000, tuseme milioni 2.4. Kituo cha televisheni kinaweka 600,000 kwa kununua haki mapema na kuwa mshirika. Serikali ya Ufaransa, kupitia CNC, taasisi yake ya kusimamia sinema, inatoa 450,000 kama tangulizi la mapato, yaani fedha za kurudishwa filamu ikiingiza mapato, mpango ulioanza mwaka 1959. Mkoa unatoa 200,000. Mshirika wa Ujerumani analeta 480,000, ambayo ni asilimia 20. Eurimages, mfuko wa Baraza la Ulaya ulioanzishwa mwishoni mwa miaka ya 1980 kule Strasbourg, unatoa 240,000. Msambazaji na wakala wa mauzo wanaahidi 200,000. Jumlisha: 2,170,000.

Pengo ni 230,000, karibu sawasawa na ujira wa mtayarishaji na gharama za ofisi yake. Na ndivyo linavyozibwa: anaandika kwamba fedha zake atazichukua baadaye, mapato yakija. Filamu inatangazwa kuwa "imekamilika kifedha". Kodi ya ofisi na mishahara ya wale wafanyakazi watatu inabaki bila chanzo.

Shida ya pili ni muda. Hakuna hata mmoja kati ya watoaji hao anayelipa zote kwa mkupuo. Mkataba wa televisheni unaweza kusema asilimia 20 wakati wa kusaini, 30 siku ya kwanza ya picha, 20 picha zikiisha, na 30 za mwisho baada ya nakala kukabidhiwa na kukubaliwa. Kati ya siku ya kwanza ya picha na kukubaliwa kwa nakala kuna miezi tisa hadi mwaka, na mafundi wanataka mshahara kila wiki. Kwa hiyo mtayarishaji huenda benki iliyobobea kwenye sinema, anaiachia mikataba yake kama rehani, benki inamtangulizia fedha na kukata riba na ada. Ufaransa kuna taasisi ya IFCIC, tangu 1983, inayoidhamini benki kwa kawaida nusu ya mkopo. Hiyo inaipunguzia benki hofu. Deni la mtayarishaji haliguswi.

Wiki moja ya kuchelewa ndiyo adui. Ikiwa upigaji picha wa wiki nane unakula euro 1,200,000, kila wiki ni 150,000. Mvua ya siku sita inameza robo tatu ya fungu la dharura, na bado hujafika chumba cha uhariri.

Halafu makabidhiano. Watu wengi hudhani filamu ikishahaririwa imekwisha. Kituo cha televisheni kina orodha yake: nakala safi ya picha, sauti kamili, sauti ya muziki na mazingira bila maneno ili watie lugha nyingine, matini ya mazungumzo pamoja na muda wa kila sentensi, orodha ya kila wimbo na sekunde zake, vibali vya nyimbo hizo, mikataba ya waigizaji, picha za mnato, cheti cha bima. Kikikosekana kibali kimoja cha wimbo unaosikika redioni kwa sekunde 12 katika tukio la teksi, makabidhiano hayajakamilika, na ile asilimia 30 ya mwisho, euro 180,000 katika mfano wetu, inakaa. Benki nayo inahesabu siku. Mwenye wimbo akigundua kwamba filamu imeshafungwa na wimbo hauwezi tena kutolewa, bei anayotaja si ile ya mwaka jana.

Je, tiketi? Chukua tiketi ya euro 10 Ufaransa kwa viwango vya leo. Inaondoka kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 5.5, kisha tozo ya asilimia 10.72 inayokwenda CNC kusaidia filamu nyingine, na sehemu ndogo ya watunzi wa muziki. Inayobaki, kama euro 8 na senti, hugawanywa takriban nusu kwa nusu kati ya ukumbi na msambazaji. Tuseme msambazaji amepata 4. Anakata kamisheni, mathalani asilimia 30, zinabaki 2.80. Kutoka hizo 2.80 anarudisha kwanza fedha alizotumia kutangaza filamu na kutengeneza nakala. Akiwa ametumia 150,000, zinahitajika tiketi 53,000 na ushei kabla senti ya kwanza haijasogea, na ikisogea inakutana na dhamana aliyokwisha kuitoa msambazaji, yaani fedha alizotanguliza ambazo naye anazirudisha kwanza, benki, na wawekezaji wenye kipaumbele. Mtayarishaji amesimama nyuma kabisa ya foleni, na nyuma yake yuko mwongozaji mwenye asilimia yake ya "faida halisi". Filamu nyingi za aina ya Balsan hazifiki hapo hata zikisifiwa kila mahali.

Basi anaishi kwa nini? Hapa ndipo penye kiini cha barua hii. Mtayarishaji hulipwa kwa kuanzisha filamu. Ule ujira na gharama za ofisi, pale zisipotolewa sadaka kuziba pengo, hutoka kwenye bajeti wakati wa matayarisho na upigaji picha. Zaidi ya hapo, mfumo wa Ufaransa humwekea mtayarishaji fungu kwenye akaunti yake CNC kwa kila tiketi iliyouzwa, lakini haruhusiwi kulitia mfukoni, na kazi yake kuu ni kuliwekeza kwenye filamu mpya. Mfumo huu umeisaidia sana sinema ya Ufaransa, sibishi. Lakini matokeo yake ni kwamba ofisi iliyoelemewa na filamu ya jana hupata pumzi kwa kufungua filamu ya kesho. Fedha za filamu mpya zinalipa maabara iliyosafisha na kunakili picha za filamu ya zamani, na ikifika zamu ya maabara ya filamu mpya, lazima ya tatu iwe imeshafunguliwa. Kuziba tundu kwa kutoboa jingine. Ukiziona filamu nne za mtayarishaji mmoja kwenye matamasha mawili ya mwaka mmoja, pongezi zinamstahili, lakini uliza pia ofisi yake ina hali gani.

Mapema mwaka 2005 Balsan alikuwa mwenyekiti wa Akademia ya Filamu ya Ulaya, na kampuni yake ilikuwa imebanwa na madeni. Tarehe 10 Februari alijiua, akiwa na umri wa miaka 50. Mambo yanayomfikisha mtu hapo hayasomeki kwenye daftari la madeni, na si haki kuyageuza hoja ya kibiashara. Nitasema tu kilichozipata filamu. Kule Bastia, kisiwani Corsica, Mhungaria Béla Tarr alikuwa kwenye hatua ya kuanza kupiga picha za filamu iliyotokana na riwaya ya Georges Simenon. Mnara mzima ulikuwa umejengwa bandarini kwa ajili ya kazi hiyo. Kazi ikasimama. Washirika walipotaka kuendelea bila Ognon waligundua kwamba haki za filamu zilikuwa zimeshaandikwa kwa benki kama dhamana. Seti ipo, mwongozaji yupo, waigizaji wapo, lakini anayeweza kusema "endeleeni" ni mkopeshaji. Ulifuata mvutano mrefu wa kisheria na kutafuta fedha upya, na filamu ilifika Cannes mwaka 2007.

Ndugu Mhariri, jambo hili linatuhusu moja kwa moja. Filamu za Nairobi zilizotoka kwenye warsha za kampuni ya Kijerumani One Fine Day Films, tangu 2010, zimesimama kwa kiasi kikubwa juu ya fedha za Ujerumani. World Cinema Fund ya Berlin, iliyoanza 2004, hutaka mwombaji wa ruzuku ya utayarishaji awe na mshirika wa Kijerumani. Mfuko wa CNC kwa sinema za dunia, ulioanza 2012, hutaka mtayarishaji wa Kifaransa. Kwa njia ya mkataba wa Ulaya wa 1992 wa ushirikiano wa filamu, uliorekebishwa Rotterdam mwaka 2017, washirika wa nchi zisizo wanachama kama Tanzania na Kenya wanaweza kuingia hadi asilimia 30 ya gharama zote, mradi wawepo washirika kutoka nchi wanachama zisizopungua tatu. Kwa hiyo mshirika wa Ulaya ni lazima kwa anayezitaka fedha hizo. Swali ni unamkabidhi nini.

Kosa kubwa ni kuuza hati ya hadithi nzima, dunia nzima, milele, kwa kampuni ya mshirika, kwa sababu tu yeye ndiye mwenye kujaza fomu. Haki za hati zibaki kwenye kampuni ya Dar es Salaam au Nairobi, na mshirika apate sehemu inayolingana na fedha anazoleta pamoja na nchi atakazouza. Akileta asilimia 35, benki yake iweke rehani asilimia 35, na kabla hujasaini ruhusa hiyo, benki iandike kwamba haitaingilia sehemu yako wala haitazuia filamu kukamilika.

Wapo wanaotia kifungu kwamba mshirika akifilisika haki zinarudi. Kwa Ufaransa kifungu hicho ni karatasi tupu, maana sheria yao haikubali mkataba uvunjwe kwa sababu tu kampuni imeingia kwenye ufilisi, na mfilisi ana haki ya kuamua kuendelea nao. Kinachofaa zaidi ni kifungu cha muda: upigaji picha usipoanza ndani ya miezi 18, mathalani, haki zinarudi zenyewe, kampuni iwe hai au mahututi. Pamoja nacho, akaunti ya benki ya filamu hiyo pekee, inayotoa fedha kwa saini mbili, na mapato ya baadaye yakusanywe na kampuni huru inayogawa kwa asilimia zilizoandikwa.

Kuna chombo kingine ambacho watu wetu hawakitumii. Ufaransa ina daftari la umma la sinema tangu 1944, na liko chini ya CNC. Mikataba na rehani za filamu huandikwa humo, na anayeandikisha kwanza ndiye mwenye kipaumbele. Mtu yeyote anaweza kuomba dondoo ya filamu fulani. Omba dondoo za filamu tatu za mwisho za huyo anayetaka kuwa mshirika wako. Ukikuta filamu aliyoimaliza miaka minne iliyopita bado ina rehani tatu, mwulize kwa adabu, na usikilize anavyojibu. Mwulize vilevile ujira wake katika bajeti yako analipwa lini. Akisema ameuahirisha wote, usifurahi haraka. Mtu asiyelipwa na filamu yako atalipwa na nyingine, na wakati wake utakuwa huko.

La mwisho ni nakala mama, ile ambayo nakala nyingine zote hutolewa kwayo. Maabara isiyolipwa ina haki ya kuzuia vitu ilivyoshika. Hata maabara yenyewe inaweza kuanguka: LTC, moja ya maabara kubwa za Ufaransa, ilifilisiwa Desemba 2011, na watayarishaji wakahaha kutafuta vitu vyao. Kabla ya kamera kuvuka bahari, maabara isaini barua inayokupa ruhusa ya kuchukua nakala bila kumngoja mshirika, na kila jioni ya upigaji picha data zote ziandikwe kwenye diski tatu, moja ikibaki nchini, kwa mtu ambaye si mwongozaji wala mtayarishaji.

Wasalaam,
Msomaji wako,
Zanzibar